Vitabu Juu ya Paa

Kimbunga kilipita Jumatano.
Alhamisi wadi ikashuka na mawe yake, ikaingia stoo bila hodi.
Ijumaa tukavipandisha vitabu vya baba juu ya paa,
Wadi Kabir, ghorofa nne, lifti imekufa,
kwa beseni la kufulia, kwa sufuria ya pilau,
kwa mkoba wangu wa skuli.

Mia tatu na kitu. Baba hakuhesabu.
Alikuwa akivipokea kama mkunga,
kimoja kimoja, kichwa chini, akivikung'uta tope.

Tukavitandaza baina ya madishi.
Kitabu cha kutengeneza Pijo ya mwaka sabini na tisa
(gari lenyewe liliuzwa kabla sijazaliwa).
Kitabu cha nyota. Kitabu cha maradhi ya ngamia.
Historia ya Misri, juzuu la pili;
la kwanza alilikopa Humeid wa Ibra,
na mpaka leo hatujamwona Humeid wala juzuu.
Hadithi ya mbuzi aliyeajiriwa ukarani wa kodi,
akawa mwadilifu kuliko wote, wakamfukuza kazi.
Hiyo baba alinisomea nikiumwa matumbwitumbwi,
nikacheka huku nimeshika mashavu, nalia.

Na lile pande la kitabu, jalada jekundu, la miji ya udongo:
Uru, Uruki, mifereji, wafalme wa ndevu za kusukwa,
na ukurasa mmoja alioukunja pembe
kwa kuwa umeitaja Magani.
"Sisi hawa," husema, "hapa hapa,
tukiwauzia shaba watu ambao leo wamebaki vigae."

Mama akaleta vibanio vya nguo.
Shangazi Thuwaiba akaleta mashine ya kukaushia nywele,
akampuliza mfalme mmoja mpaka akajikunja.
Kurian wa famasi ya chini akapanda na poda,
"Nyunyiza, nyunyiza, kama mtoto,"
kwa Kiarabu chake cha kutembelea magongo.
Paa zima likanuka tope na kichanga.

Jua la mwezi wa sita halina huruma wala haraka.
Adhuhuri kurasa zikaanza kutatarika,
vitabu vikaumuka kama maandazi.

Baada ya alasiri tukaenda kuvikusanya.
Kitabu cha mbuzi na kile cha miji
vilikuwa vimelala ubavu kwa ubavu, vimegandana.
Gundi ya wadi si mchezo:
ukurasa wa arobaini na moja wa huyu
umeshika ukurasa wa mia mbili na sita wa yule,
huvuti ila uchane.

Nikalia. Mbuzi alikuwa wangu.

Baba akakaa juu ya tangi la maji, akavaa miwani,
akasoma pale pale palipogandana,
bila kuvuta pumzi kati ya kitabu na kitabu:
karani mbuzi akafungua daftari, akauliza,
nani hajalipa? na kuhani mkuu wa Uru
akaleta kigae chenye maandishi mabichi,
hesabu ya shaba yote ya Magani,
mbuzi akakitazama, akakinusa,
akala pembe.

"Imeandikwa hivyo?"
"Imeandikwa," akasema, akageuza kitabu nisione.

Sasa pande hilo liko kwangu, Al Khoudh,
juu ya kabati, halifunguki, halifungiki.
Wageni hudhani ni tofali.

Mwaka jana kazini walitupeleka makumbusho.
Nyuma ya kioo, kigae cha udongo, kidogo kama biskuti,
alama zake kama nyayo za ndege.
Pembe ya juu, kulia, haipo.
Kadi ikasema: imemeguka, sababu haijulikani.

Wenzangu wakapita kwenye majambia.
Mimi nikainama, pua kwenye kioo,
natafuta alama za meno.